Baba Wanne wa Protus Osundwa

Wageni kutoka Malava waliondoka bila kumgusa kuku.

Mildred alikuwa bado jikoni anapakua obusuma, yaani ugali. Kuku wawili walikuwa tayari kwenye bakuli lenye kifuniko cha maua, firigisi imetengwa kando kwa ajili ya mkubwa wa msafara, ndipo aliposikia viti vikiburutwa. Alipotoka na birika la kunawia mikono aliwakuta wazee wamesimama, kofia kichwani, wakiagana na mumewe kwa adabu kama watu wanaotoka ibadani.

"Asante sana, mama," alisema Mzee Makhanu, baba wa kijana aliyetaka kumwoa binti yao. Alilitazama lile birika. "Tumeshiba."

Hawakuwa wamekula kitu. Katika nchi ile mtu akimkataa kuku wako ni afadhali angekutukana. Tusi husahaulika, lakini kuku hubaki mezani akikutazama.

Mambo yalikuwa yameanza vizuri. Protus Osundwa, mwenye boma, alikuwa amewakaribisha chini ya turubai jipya karibu na barabara ya Butere. Maombi yalifanywa, soda zilifunguliwa, na msemaji wa wageni, mzee mmoja mfupi aliyeitwa Sifuna, akasimama kuuliza lile swali ambalo huulizwa kila mahali kabla ya ng'ombe kutajwa: ninyi ni wa ukoo gani?

"Abatere," alijibu Protus.

"Hao tunawajua. Lakini tumesikia hao ni wajomba zako. Sisi tunauliza baba."

"Mimi nimelelewa hapa. Babu yangu Osundwa ndiye alinisomesha, ndiye alinigawia hili shamba. Nabeba jina lake."

"Hiyo ni shukrani," alisema Mzee Sifuna. "Ukoo ni kitu kingine."

Hapo Makhanu mwenyewe aliingilia, kwa sauti ya kubembeleza ambayo ilimwumiza Protus kuliko ukali.

"Bwana Protus, usidhani tunakudharau. Lakini mama yako alirudi na wewe tumboni kutoka Lugari, kwa mashamba ya wazungu. Huko watu wetu wa Malava walifanyanga kazi wengi. Ndugu yangu mkubwa, Mungu amlaze, alikuwa huko miaka hiyo hiyo. Sasa niambie. Tutajuaje kama tunamletea kijana bibi, ama tunamletea dada yake?"

Protus alifungua mdomo. Upande wa pili wa ukuta Risper, binti mwenyewe, alikuwa amekaa kitandani na gauni lake jipya, na alisikia kila neno. Alisubiri asikie baba yake akisema kitu. Alichosikia ni chupa ya soda ikiwekwa mezani.

"Mkijua, mtuite," alisema Makhanu. "Msipotuita, pia tutakuwa tumejua."

*

Ilikuwa mwishoni mwa miaka ya themanini na miwa ilikuwa mfalme. Waliokuwa wakipanda viazi vitamu walipanda miwa; waliokuwa na bustani ya sukuma wiki mlangoni waliing'oa wakapanda miwa hadi kwenye kizingiti. Malipo ya kiwanda yalipotoka, watu waliokuwa wakiishi pamoja miaka na mikaka walikumbuka ghafla kwamba hawajafunga ndoa kanisani. Kila Jumamosi palikuwa na harusi, na harusi isiyo na video ilihesabiwa kuwa ni uchumba tu.

Protus aliona mbali. Mavuno yake makubwa ya kwanza aliyapeleka Kisumu akarudi na kamera ya video, ile nzito inayobebwa begani kama jembe la kukokotwa na ng'ombe, pamoja na deki ya kuchezea kanda na televisheni. Mildred alikuwa akingojea mabati. Alipanga sufuria chini ya mahali palipovuja na kusubiri. Baada ya msimu mmoja wa harusi mabati yakaja, kamera ikasamehewa, na Protus akajulikana kutoka Butere hadi Kakamega mjini kuwa ndiye mtu ambaye bila yeye huolewi.

Kisha likaja jambo la shingo.

Siku hiyo alikuwa amealikwa kupiga harusi huko Malinya. Wakati wa chakula alimwachia mtu mmoja kamera amshikie, na mtu yule, kwa udadisi wake, akaendelea kurekodi. Usiku ule nyumbani, Protus alipokuwa akipitisha kanda, alimwona mwanamume fulani kwa nyuma, ameinamia sahani. Shingo yake ilikuwa ndefu, masikio madogo yamelala karibu na kichwa. Alitafuna polepole mno.

"Huyu ni nani anakula kama anayehesabu meno?" aliuliza.

"Ni wewe," alisema Mildred.

Alirudisha kanda, akatazama tena, akairudisha tena. Wajomba zake wote walikuwa watu wa shingo fupi, vichwa vimewekwa moja kwa moja juu ya mabega kama vyungu juu ya mafiga. Alikuwa ameishi nao tangu utotoni akidhani anafanana nao. Hakuna aliyewahi kumwonyesha mgongo wake.

Tangu hapo, siku zisizo na harusi, alianza kujirekodi. Aliweka kamera juu ya kigoda akapita mbele yake, akarudi, akapita tena. Alirekodi mkono wake ukifungua mlango. Alirekodi sikio lake kwa karibu hadi likajaa kioo kizima cha televisheni, likawa si sikio tena bali kitu cha mtoni. Hakujua kama kazi ya namna hiyo ina jina, wala hakuuliza. Alikaa tu mbele ya televisheni akijitazama vipande vipande, kama fundi anayetazama injini ya mtu mwingine.

Mildred alivumilia shingo, akavumilia sikio. Siku alipomkuta amelala kifudifudi uani, kamera imeelekezwa kwenye kisigino, uvumilivu ulimwishia.

"Baba Risper, watu wanatulipa wajione wakivishwa pete. Wewe unamaliza kanda ujione kisigino?"

"Natafuta mwenyewe."

"Mwenyewe si ni wewe?"

"Mwenye kisigino," alisema Protus.

Mildred alirudi jikoni. Sokoni alipoulizwa kama ni kweli mumewe anapiga picha nyayo, alisema anajaribu mashine.

*

Kesho yake, baada ya wageni kuondoka na kuku kuliwa kimya kimya na watu wa nyumbani ambao hakuna aliyehisi utamu wake, Protus alimwendea mama yake. Awinja alikuwa na nyumba yake ndogo pembeni mwa boma. Alimkuta ameketi mlangoni, ungo wa maharagwe mapajani.

"Mama, wageni waliondoka."

"Niliwaona. Yule mfupi anatembea kama bata."

"Wanataka jina."

"Wape Osundwa."

"Osundwa ni baba yako, mama. Si wangu."

"Alikuwa mtu mzuri. Wakitafuta hawatapata mwingine kama huyo."

Protus alichuchumaa. Alikuwa amewahi kumwuliza mara mbili tu maishani. Mara ya kwanza ilikuwa kabla ya kwenda jandoni, vijana wenzake walipokuwa wakitajiwa majina ya baba zao kwa fahari na yeye akatajiwa babu. Mama yake siku hiyo alimtuma maji. Mara ya pili ni alipotaka kuoa, na mama yake akaugua kichwa hadi harusi ikapita. Watu wa Mildred walikuwa majirani, walimjua tangu mtoto, hawakuuliza.

"Nitakuuliza neno moja," alisema. "Alikuwa mtu wa kwa akina Makhanu?"

Awinja aliokota jiwe kwenye maharagwe akalitupa uani.

"Risper anampenda huyo kijana?"

"Anampenda."

"Basi aolewe."

"Hawamchukui bila jina."

"Basi asiolewe. Mimi sikuolewa na bado nakula."

"Mama!"

"Baba yako ni mimi," alisema Awinja. "Nilikulimia, nikakupiga ulipokosea. Baba anafanyanga nini kingine?"

Protus alisimama. Alikuwa mtu mzima mwenye mvi za kwanza, mwenye televisheni, mtu ambaye maharusi humngojea mlangoni mwa kanisa. Alivuka uani akiona aibu kama mtoto aliyefukuzwa shule kwa kukosa karo.

*

Wangila, mchumba wa Risper, alikuwa fundi wa mitambo kiwandani. Alituma ujumbe kupitia kwa dereva wa trekta kwamba yeye hajabadilika nia, lakini hawezi kumpita baba yake. Risper alipoupata hakulia. Alivua gauni lile jipya, akalikunja, akaenda kupalilia.

Huko shambani ndiko baba yake alikomfuata.

"Njoo unishikie kamera."

"Unapiga kisigino tena?"

"Nampiga baba yangu."

Risper aliegemea jembe. "Utampigaje mtu hujawahi kumwona?"

"Nina vipande vyake," alisema Protus. "Shingo. Masikio. Mkono. Hivi vyote alivitoa mtu. Nitavivalisha nguo nione kama atakuja."

Risper alidhani baba yake amerukwa na akili, na kwa kuwa hakuwa na jambo jingine la kupoteza, akakubali.

Walichagua nyuma ya nyumba, mahali ambapo miwa ilisimama kama ukuta na hakuna aliyeweza kuwaona. Protus alikuwa ameazima tai kwa mwalimu wa kwaya, aproni ya Mildred, koti kuukuu la mjomba wake, na kabuti refu ambalo yeye mwenyewe hulivaa wakati wa mvua. Mpango ulikuwa rahisi. Angeingia ndani ya miwa akiwa Protus na kutoka akiwa mtu mwingine. Risper, nyuma ya kamera, angemwuliza maswali.

Wa kwanza kutoka alikuwa karani, tai shingoni, kalamu mfukoni. Huyu ndiye baba ambaye Protus alimtamani utotoni. Alisimama wima akitazama saa ambayo hakuwa nayo.

"Wewe ndiye babu yangu?" aliuliza Risper, akijizuia kucheka.

"Inawezekana. Leta ombi lako kwa maandishi."

Wa pili alikuwa mpishi wa mzungu. Alitoka kwenye miwa akitembea kwa ncha za vidole, aproni kiunoni, akasema kwamba msichana mmoja aliwahi kupita jikoni, lakini memsahibu hakupenda wasichana jikoni. Alipoulizwa jina la msichana akasema chakula kinaungua. Risper alicheka hadi kamera ikatikisika.

Wa tatu alichelewa kutoka. Alikuja na koti la mjomba, akipepesuka kidogo, akasimama karibu mno na kamera.

"Mimi ni ndugu ya Makhanu," alisema.

Risper aliacha kucheka. "Baba, tuache huyu."

"Kama ni mimi, wewe huolewi."

"Basi usiwe wewe."

"Ni nani anachagua?" aliuliza yule mtu, na sauti yake haikuwa ya mchezo. Akageuka akaingia ndani ya miwa.

Walipumzika. Protus alikunywa maji na jasho likimtiririka. Kwa yule wa nne hakuwa amepanga kitu. Alivaa tu kabuti la mvua na gumbuti na kofia, kwa sababu Lugari ni nchi ya baridi na ng'ombe, na huenda palikuwa na mchungaji. Alitoka taratibu akasimama. Risper alimwuliza kama wale wengine, kama yeye ndiye babu. Mtu wa kabuti alivuta kofia chini.

"Kwa nini hukumtafuta baba yangu?" aliuliza Risper. Swali hilo hawakuwa wamelipanga.

Majani ya miwa yalisuguana. Taa nyekundu ya kamera iliendelea kuwaka.

"Niliogopa wataniuliza mimi ni nani," alisema yule mtu.

Risper aliizima kamera bila kuambiwa. Protus alibaki amesimama ndani ya kabuti, juani, akishangaa neno lile limetoka wapi.

*

"Umempata?" aliuliza Mildred aliposikia kwamba watu wa Malava wameitwa tena.

"Nimepata wanne."

Mildred aliketi chini. Mjomba mkubwa alipopashwa habari alisema kwamba boma la Osundwa halijawahi kuwa ukumbi wa sinema na kwamba marehemu angefufuka ili afe tena. Lakini mwaliko ulikuwa umekwenda, na mwaliko haurudi.

Wageni walikuja, wakaketi mbali na jikoni kama watu walioazimia kutoshawishiwa na harufu. Televisheni iliwekwa juu ya meza chini ya turubai, jenereta ikanguruma nyuma ya choo, majirani wakajaza ua. Awinja aliketi na wanawake karibu na mlango wa jikoni, akaipa televisheni mgongo.

Protus alisimama mbele yao. Alikuwa amekariri hotuba, ikamtoroka.

"Mliniuliza baba," alisema. "Mimi simjui. Nimewaletea wote ambao angeweza kuwa. Mkimwona mnayemjua, mseme."

"Huu ni mchezo?" aliuliza Makhanu.

"Nimejaribu kuwa mimi miaka yote hii, mzee. Haikutosha."

Hakuna aliyeelewa, lakini sauti yake iliwafanya wanyamaze. Risper akabonyeza deki.

Karani alipotoka kwenye miwa, watu walimtambua Protus na kunong'ona. Mpishi aliwachekesha, hata Mzee Sifuna aliyekuwa ameapa kutocheka. Kisha akatokea wa tatu na kusema yeye ni ndugu ya Makhanu. Makhanu alisimama.

"Huyo ni ndugu yangu?"

"Ni mimi, nimevaa koti la mjomba."

"Ndugu yangu hakuwa mlevi! Alikuwa shemasi!"

"Basi niambie alikuwaje," alisema Protus. "Ndiyo maana nimekuita."

Makhanu alitazama kioo, akatazama Protus. Hasira ilikuwa bado usoni mwake, lakini swali lilikuwa limemwingia. "Alikuwa mfupi," alisema mwishowe. "Mnene. Shingo hakuwa nayo."

Watu wote waligeuka kuangalia shingo ya Protus, na Protus, mbele ya wakwe na majirani, aliwaachia waiangalie.

"Shingo si ushahidi," alisema Mzee Sifuna. "Inaweza kuruka kizazi."

Wakati huo wa nne alikuwa amekwisha kutoka kwenye miwa, na kabuti lake, na kofia, na gumbuti zake. Hakuna aliyekuwa akimtazama, isipokuwa mtu mmoja. Awinja alikuwa amegeuka.

"Hapana," alisema.

Mildred, aliyekuwa na sinia mkononi, alidhani anamkataza yeye.

"Hatembeangi hivyo," alisema Awinja. "Zima hiyo. Anaharibu."

Risper alisimamisha kanda. Mtu wa kabuti alibaki akitetemeka kwenye kioo, mguu mmoja hewani. Awinja alishika kiti akainuka, akafungua leso yake akamkabidhi mwanamke wa karibu. Alikuwa na magoti mabovu na watu walizoea kumwona akiburuta miguu. Alisimama kidogo kama anayesikiliza. Kisha akashusha bega la kulia, akasukuma shingo mbele, akaanza kutembea.

Hakutembea kama mwanamke wala kama mzee. Alivuka ua kwa hatua ndefu zilizorushwa kutoka kwenye nyonga, mkono wa kulia ukining'inia kwa uzito wa kitu kisichokuwepo, akipuliza mluzi mdogo katikati ya meno. Watu walimpisha. Alipofika mbele ya wageni aliweka chini ule mzigo usioonekana, kwa uangalifu ili usimwagike, akainua kiganja.

"Chamgei," alisema.

Mzee Sifuna, ambaye ujanani alichuma chai upande wa Nandi, aliijibu salamu kabla ya kujizuia: "Chamgei mising."

"Kibiwott," alisema Awinja. "Alikuwa anabebanga maziwa."

Akageuka, akarudi akiburuta miguu, akaomba leso yake.

Makhanu alikuwa wa kwanza kupiga hesabu.

"Mnandi," alisema.

"Mnandi," alikubali Mzee Sifuna.

"Basi si ndugu yangu."

"Hawezi kuwa ndugu yako. Wala wa mtu yeyote hapa."

Wazee waliinamiana, wakanong'onezana, wakainua vichwa wakiwa watu wengine. Jambo lilikuwa limenyooka kuliko walivyotarajia. Kwa Mnandi hapakuwa na ukoo wa kugongana nao, hata mtu angetafuta kwa tochi. Makhanu alivua kofia.

"Mama Risper," aliita, "hiyo harufu tumeisikia vya kutosha."

Walikula wote, wakaomba mchuzi wa kuongeza. Firigisi ilipofika mbele ya Makhanu aliitazama, akaiweka kwenye kisahani, akaamuru ipelekwe kwa Awinja. Awinja aliirudisha. Alisema yeye ni mwanamke wa zamani, kuku haliwi na wanawake, na kwa siku moja amekuwa mwanamume vya kutosha.

Ng'ombe walitajwa, wakapunguzwa, wakakubaliwa. Kabla wageni hawajafika barabarani, mtoto wa jirani alikuwa amekwisha kumwita Protus "Munandi" na kukimbia. Mjomba mkubwa alikwenda zake bila kuaga.

*

Jua lilikuwa bado juu. Protus alikwenda kuketi kwenye kizingiti cha mama yake, naye hakumtuma maji.

"Tulikuwa tunaongea Kiswahili cha shamba," alisema Awinja bila kuulizwa. "Yeye hakujua Kimarama chetu, mimi sikujua Kinandi. Kiswahili chenyewe hatukukijua vizuri. Baba yangu aliposikia nina mimba akaja kunichukua na baiskeli."

"Yeye hakujua?"

"Alijua. Alikuja. Alipanda treni mpaka Butere, akatembea mpaka hapa, na kibuyu cha maziwa. Baba akamkaribisha kiti akamwuliza ukoo. Akataja. Baba akasema huo hatuujui." Alikung'uta leso yake. "Hakumfukuza. Alimwambia tu hivyo. Akaenda kulala stesheni, asubuhi akarudi na treni."

"Aliniona?"

"Aliona blanketi."

Protus alitazama mikono yake. "Kwa nini hukuniambia, mama?"

"Ungeenda kumtafuta."

"Ningeenda."

"Ungemkuta na watoto wake. Ungekuwa mgeni huko na mgeni hapa. Hivi ulikuwa mgeni mahali pamoja tu."

"Yuko hai?"

"Nitajuaje?"

Upande wa jikoni vyombo viligongana. Mildred alikuwa akiosha sahani huku akiimba, jambo ambalo hakuwa amelifanya kwa wiki kadhaa. Protus alisimama.

"Nionyeshe tena."

"Magoti yamekwisha."

"Basi niambie."

Awinja alimtazama kutoka miguuni hadi kichwani, kama mtu anayepima kitambaa. "Enda mpaka kwa ile ngazi ya mlangoni kwako," alisema. "Urudi."

Protus alikwenda akarudi.

"Bega chini. La kulia. Mkebe ulikuwa mzito."

Alikwenda tena. Risper alichungulia dirishani, akaelewa, akaja mbio na kamera begani. Baba yake alimwashiria aiweke chini, naye akaiweka, akaegemea ukuta kutazama kwa macho matupu.

"Usiangalie miguu. Yeye hakuangalia miguu. Alikuwa anaangalianga mbele."

Alikwenda tena.

"Polepole. Utamwaga."

Alikwenda tena, na tena. Kufikia hapo hakuwa akifikiri juu ya bega wala hatua. Mkono wake wa kulia ulikuwa umechoka kweli, kana kwamba ulibeba kitu. Alipogeuka kwenye ngazi, mluzi ulimtoka mwenyewe katikati ya meno. Alirudi akivuka ua, shingo mbele, akisubiri kusahihishwa. Mama yake hakumsahihisha. Alikuwa ameketi wima, mkono mmoja ukilainisha nywele chini ya kitambaa.

Alipofika mbele yake, Awinja aliinua uso akasema kwa kile Kiswahili cha shamba, kwa sauti nyembamba ambayo mwanawe hakuwa amewahi kuisikia:

"Wewe umechelewa leo."